UZI: Mwezi uko utosini na pwani bado kavu. Suali la mwanafunzi lililonitoa kwa Galileo na Newton mpaka kwa Laplace

MaalimFizikia #1

Assalaam alaykum wanajamvi.

Nasomesha fizikia skuli moja ya sekondari hapa Unguja, upande wa kusini. Mwaka jana nilikuwa kwenye somo la mvutano, nikatoa mfano wa maji kujaa na kupwa. Nikachora ubaoni kama nilivyochorewa mimi: dunia katikati, bahari imeizunguka, mwezi pembeni. Upande unaoelekea mwezi bahari imevimba, na upande wa pili imevimba vilevile. Nikasema: mwezi ukifika utosini, maji yamejaa.

Mtoto mmoja wa kike, mkimya siku zote, mamaake analima mwani Jambiani, akanyoosha mkono. "Maalim, kwetu mwezi kumi na tano, usiku wa mwezi mpevu, mwezi ukiwa utosini watu wako pwani na tochi wanachokoa pweza. Pwani kavu. Maji yanakuja kujaa alfajiri."

Darasa likanyamaza, kwa sababu kila mmoja alijua kuwa mwenzao kasema kweli. Nusu yao wamezaliwa ufukweni. Mimi mwenyewe nimekulia Makunduchi, nimeshuka pwani na mjomba wangu usiku wa mbalamwezi mara zisizo idadi, yeye na mchokoo wake mbele, mimi nyuma nimebeba kikapu. Sikuwahi hata siku moja kuuweka mchoro ule na pwani ile pamoja kichwani mwangu. Nilimwambia mtoto, "Nitakuletea jibu." Nikakaa na suali lile miezi.

Jibu nimelipata. Njiani nimekutana na watu ambao majina yao tunawakaririsha watoto bila ya kuwaambia walikuwa wanabishana nini, na ndiyo maana nimeona niandike hapa kwa urefu.

Kwanza tuweke mezani tunayoyajua wenyewe. Mwezi ukiandama, na tena ukipevuka, pwani zetu hukauka kiasi cha saa 4 asubuhi na saa 4 usiku, na maji hujaa kiasi cha saa 10 alfajiri na saa 10 alasiri. Kila siku saa hizo husogea mbele kama dakika 50. Hilo ndilo bamvua, na tofauti ya maji kujaa na kupwa hufika karibu mita 4. Ikifika mwezi saba, mwezi nane, ni maji mafu, hayajai sana wala hayapwi sana. Na bamvua lenye nguvu hasa haliji siku ile ile mwezi unapoandama. Huja siku moja au mbili baadaye. Kina mama wa Paje na Jambiani, tangu kilimo cha mwani kilipoanza kwao mwaka 1989, wamepanga maisha yao yote juu ya hesabu hii: lini kufunga kamba, lini kuvuna, lini kubaki nyumbani. Harusi hazipangwi siku za bamvua.

Kwa hivyo lini tunalijua. Suali ni kwa nini, na kwa nini maji yanachelewa.

KijanaWaMichenzani #2

Maalim nimekaa kitako. Lakini kama mwezi ndio unaovuta, maji yanachelewa vipi? Sumaku ikivuta msumari haisubiri masaa manne.

MaalimFizikia #3

Suali zuri hilo, na tutafika. Lakini lazima tupite kwa wenyewe.

Wagiriki tunaowasoma mpaka leo katika falsafa waliishi kwenye bahari ambayo karibu haijai wala haipwi. Mediterania imefungwa, mlango wake wa kutokea bahari kuu ni ule mwembamba wa Gibraltar, na sehemu nyingi maji hupanda na kushuka shibiri moja, mbili. Aristotle aliandika juu ya nyota, wanyama, siasa, ushairi. Katika jambo hili hana la kumfundisha mtoto wa Jambiani, na sababu yake si upungufu wa akili. Hakuwa na pwani.

Warumi hali ile ile. Mwaka 55 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa, Julius Caesar alivuka na jeshi kwenda Uingereza, akaziacha jahazi zake ufukweni. Usiku wa mwezi mpevu likaja bamvua pamoja na dhoruba, jahazi zikajaa maji, nyingine zikavunjika. Caesar mwenyewe kaandika kwamba watu wake hawakujua kuwa mwezi mpevu huleta maji makubwa katika bahari ile. Jeshi zima, na hakuna hata mmoja wa kumwambia asiegeshe pale mwezi kumi na tano.

Mtu wa mwanzo ninayempenda katika kisa hiki ni Seleucus, mtu wa Seleucia, nchi ya Babeli, karne ya 2 kabla ya Nabii Isa. Ni katika wachache sana wa zama zile waliokubali kwamba dunia inazunguka jua, fikra aliyoileta Aristarchus wa Samos. Seleucus aliichunguza bahari waliyoiita Erythra, na kwa Wagiriki jina hilo liliingia pamoja na bahari yetu hii. Aliona kujaa kunafuata mwezi. Akaona na zaidi: kwamba mara nyingine maji mawili ya siku moja hayalingani, moja kubwa na moja dogo, na kutolingana huko kunabadilika kwa namna mwezi ulivyokaa angani. Hilo halioni mtu aliyepita ufukweni mara moja akenda zake.

Baada yake akaja Posidonius, mzaliwa wa Apamea, nchi ya Shamu, mwanafalsafa wa Kistoa. Alisafiri mpaka Gades, ndiyo Cádiz ya leo, Hispania, kwenye bahari kuu, akatazama maji na kueleza mzunguko wake wa siku na wa mwezi. Kilichonivutia ni imani iliyokuwa nyuma ya safari ile. Wastoa waliuona ulimwengu kama mwili mmoja: jino likiuma, mwili mzima hukesha. Kwao mwezi na bahari kuitikiana ni ushahidi wa falsafa nzima. Liwekeni hili akilini, maana huko mbele litamponza mtu mkubwa.

Nahodha_Mkoani #4

Maalim, hiyo Erythra ndiyo ile ya kitabu cha mabaharia wa kale kinachokitaja kisiwa cha Menouthias? Sisi Pemba tunasema ni kwetu.

MaalimFizikia #5

Ndiyo hiyo hiyo, Nahodha. Kitabu chenyewe ni mwongozo wa wafanyabiashara, wa karne ya 1 baada ya Nabii Isa kwa hesabu ya wengi. Kisiwa hicho wapo wanaosema ni Pemba, wapo wanaosema Unguja, na wapo wanaosema Mafia, sitaki kuwagombanisha watu. Lakini kimetaja vyombo vya kushonwa kwa kamba, na kikataja kwamba watu wa kisiwa wanategea kwa vikapu wanavyovifunga kwenye milango ya maji.

Nahodha_Mkoani #6

Dema hizo! Mpaka leo. Na dema hulitegi ila unajua maji yanatoka saa ngapi na yanapita wapi. Basi hao watu walikuwa wanajua bamvua kuliko huyo Caesar aliyezamishiwa vyombo vyake.

MaalimFizikia #7

Ahsante, Nahodha, hilo sikulifikiria. Mtu anayetega mlango wa maji keshaujua mwezi.

Naendelea. Elimu hii ilihifadhiwa na kuongezwa kwa Kiarabu. Abu Ma'shar wa Balkh (787–886) alifanya kazi Baghdad. Alikuwa mnajimu, kazi yake kutazamia mambo ya watu kwa nyota, kwa hivyo mwezi kutawala maji kwake lilikuwa jambo la kutarajiwa. Lakini maelezo yake ya bamvua na maji mafu yalikuwa ya kina, na yalipotafsiriwa kwa Kilatini katika karne ya 12, wasomi wa Ulaya waliyategemea kwa mamia ya miaka. Al-Biruni, aliyezaliwa mwaka 973, yule aliyeupima ukubwa wa dunia kwa kupanda mlima mmoja na kupima pembe ya upeo wa macho, katika kitabu chake juu ya Uhindi ana sura nzima ya kujaa na kupwa. Ameeleza hekalu la Somnath, pwani ya Gujarat. Jina lenyewe maana yake ni bwana wa mwezi, na maji yakijaa yalikuwa yakiliosha sanamu. Nyuma ya ibada ile, al-Biruni aliona watu waliokwisha kuunganisha mwezi na bahari.

Sasa turukie mwaka 1609. Johannes Kepler, Mjerumani, akaandika katika dibaji ya kitabu chake cha mwendo wa sayari ya Mirihi kwamba mwezi unayavuta maji, na kwamba lau dunia ingeacha kuyavuta maji yake, bahari yote ingepanda kwenda mwezini. Miaka sabini na kitu kabla ya Newton! Na kuna jambo la maisha yake ambalo nilipolisoma liliniumiza: mwaka 1615 mamaake, bibi mtu mzima, alituhumiwa uchawi. Baadaye akafungwa zaidi ya mwaka mzima, amefungwa minyororo. Kepler aliziacha hesabu zake akaenda kumtetea mwenyewe mbele ya mahakama, hoja kwa hoja, mpaka mwaka 1621 akaachiwa. Mama yule akafariki mwaka uliofuata.

Na hapa ndipo anapoingia Galileo.

Galileo, mwanasayansi wa Kitaliana, alikuwa anatafuta hoja moja ya kuthibitisha kwamba dunia inatembea. Akaona ameipata kwenye bahari. Venice ilikuwa ikiletewa maji matamu kwa majahazi kutoka bara. Galileo aliona kwamba chombo kikipunguza mwendo ghafla, maji yaliyomo hukimbilia omoni, na kikiongeza mwendo, hukimbilia tezi. Nahodha anajua, kila aliyewahi kufua maji kwenye ngalawa anajua. Basi, akasema Galileo, dunia ni chombo hicho. Inajizunguka yenyewe na inazunguka jua, na miendo hiyo miwili ikichanganyika, kila mahali huongeza kasi nusu ya siku na kupunguza nusu ya pili. Bahari inayumba ndani ya bakuli lake. Mwezi hauna kazi.

Aliandika hayo mwaka 1616, na kitabu chake kikubwa cha 1632 alitaka jina lake liwe la kujaa na kupwa kwa bahari, wakubwa wa Kanisa wakalikataa jina hilo. Mwaka 1633 akahukumiwa, ana umri wa miaka 69, akafungiwa nyumbani mpaka alipokufa mwaka 1642, miaka ya mwisho akiwa kipofu. Hoja aliyoitegemea zaidi kuliko zote ilikuwa na kosa. Kwa hesabu yake maji yangejaa mara moja kwa siku na saa ile ile kila siku. Zile dakika 50, ambazo kila mama wa mwani anazo kichwani, hazimo.

KijanaWaMichenzani #8

Hapo umenipoteza. Mtu kama Galileo, mwenye darubini, aliyeona miezi ya sayari ya Mshtarii, anakataa mwezi usivute maji? Na Kepler keshasema?

MaalimFizikia #9

Alimsoma Kepler, na aliandika kwamba anamstaajabia kuliko wote, vipi mtu mwenye akili huru kama yule akatega sikio kwa habari za mwezi kuyatawala maji, mambo ya kitoto.

Nimelifikiria sana jambo hili. Galileo alitumia maisha yake kupigana na watu ambao kila wakikwama husema "ni nguvu ya siri." Jiwe linaanguka, nguvu ya siri. Mtu anaumwa, nyota yake. Yeye akataka sababu ya kuonekana: hiki kinagusa kile, hiki kinasukuma kile. Sasa anakuja mtu anamwambia mwezi, bila ya kamba, bila ya kugusa, unayavuta maji kutoka mbali kule. Jibu la kweli lilimjia limevaa kanzu ya mnajimu, akalifukuza pamoja na kanzu yake. Mimi siwezi kumdharau kwa hilo. Ningekuwa zama zile, baina ya Galileo na Abu Ma'shar, nadhani ningesimama na Galileo, na ningekosa.

Na khofu yake ilibaki. Newton alipotoa kitabu chake cha Principia mwaka 1687, Leibniz, mwanafalsafa na mwanahisabati wa Kijerumani, alimlaumu kwa jambo hilo hilo, kwamba anarudisha nguvu za siri. Newton alijibu kwamba hana dhana ya kubuni juu ya asili ya mvutano, anachosema ni kwamba upo na unafuata hesabu. Nadhani hapo ndipo sayansi ya kisasa ilipochukua njia yake: unaweza kujua kwa yakini jinsi kitu kinavyokwenda kabla ya kujua ni kitu gani.

Newton alieleza pia jambo linalowasumbua wanafunzi kila mwaka: kwa nini maji hujaa mara mbili. Kama mwezi unavuta, upande wa nyuma unajaa kwa nini? Mimi darasani nawasimamisha watoto watatu mstari mmoja. Wa mbele anavutwa sana, wa kati kiasi, wa nyuma kidogo. Wote wanakwenda mbele, lakini wa mbele anamwacha wa kati, na wa kati anamwacha wa nyuma. Ukiwa wewe ndiye wa kati, unawaona wenzako wote wawili wamekwenda mbali nawe, mmoja huku, mmoja kule. Wa kati ndiyo dunia. Wale wawili ni maji.

Jua nalo linavuta. Linaivuta dunia zaidi ya mara 170 kuliko mwezi, lakini kwa kuwa liko mbali mno, tofauti baina ya upande wa mbele na wa nyuma ni ndogo, na nguvu yake juu ya kujaa na kupwa haifiki nusu ya ile ya mwezi. Mwezi ukiandama au ukipevuka, viwili hivi vinavuta mstari mmoja: bamvua. Mwezi saba na mwezi ishirini na mbili vinavuta kwa kukingamana: maji mafu.

Ule mchoro wangu wa ubaoni ni wa Newton. Na suali la yule mtoto bado halijajibiwa.

UmmuSalma #10

Maalim, nimesoma yote. Mimi pia nimelelewa kwa pesa za mwani. Mama yangu mpaka leo miguu yake ina makovu ya matumbawe. Kila uliyemtaja ni mwanamme isipokuwa mwanafunzi wako na mama wa Kepler aliyefungwa. Hakuna wanawake waliofanya hesabu hizi?

MaalimFizikia #11

Wapo, na mmoja kama si yeye Wafaransa wangechelewa kumwelewa Newton. Émilie du Châtelet, amezaliwa 1706. Aliifasiri Principia yote kutoka Kilatini kwenda Kifaransa na kuongeza ufafanuzi wake mwenyewe, na ndani ya ufafanuzi huo kuna maelezo ya kujaa na kupwa kwa njia ya mwanahisabati Daniel Bernoulli. Bernoulli alikuwa mmoja wa walioshinda tuzo ya Chuo cha Sayansi cha Paris mwaka 1740, waliposhindanisha watu juu ya jambo hili hili la bahari, pamoja na wanahisabati wenzake Euler na Maclaurin. Du Châtelet alishika mimba akiwa na umri wa miaka 42, akaogopa kwamba hatopona, akawa anafanya kazi mpaka usiku wa manane ili amalize. Alimaliza. Alijifungua Septemba 1749, siku chache baadaye akafa. Kitabu kilitoka kamili mwaka 1759 na ndiyo tafsiri inayosomwa na Wafaransa mpaka leo.

Na Mary Somerville wa Uskochi, aliyeifasiri kwa Kiingereza, mwaka 1831, kazi ya Laplace, Mfaransa tutakayemfikia sasa hivi. Neno la Kiingereza la mwanasayansi lilichapishwa kwa mara ya mwanzo mwaka 1834 katika mapitio ya kitabu chake kimoja. Aliyeliunda ni William Whewell, mwanafalsafa, naye shughuli yake kubwa ilikuwa ni maji haya haya. Juni 1835 aliwapanga watu kwenye vituo zaidi ya 650, nchi 9, wapime bahari kwa wiki mbili, wote kwa pamoja.

Mpe mama salamu zangu.

MaalimFizikia #12

Sasa Laplace, na Kijana wa Michenzani atulie asikie.

Pierre-Simon Laplace, mtoto wa Normandy, pwani ya Ufaransa ya kaskazini ambako maji hujaa na kupwa kwa nguvu kubwa. Katika miaka ya 1775 na 1776 aliuliza jambo ambalo mchoro wa Newton unalipita: maji yanapata nafasi ya kufika?

Mwezi, kwa kuwa dunia inajizunguka chini yake, unapita juu ya ikweta kwa mwendo wa zaidi ya kilomita 1,600 kwa saa. Ule uvimbe wa bahari ili ukae chini ya mwezi lazima ukimbie nao. Lakini uvimbe ni wimbi, na wimbi refu namna ile mwendo wake unategemea kina cha bahari. Kwa kina cha bahari kuu, kiasi cha kilomita 4 kwenda chini, wimbi linakwenda kama kilomita 700 kwa saa. Halifiki hata nusu ya mwendo wa mwezi. Na juu ya hilo kuna Afrika imesimama njiani, kuna Uhindi, kuna Australia. Uvimbe hauna pa kupita.

Kwa hivyo bahari haiufuati mwezi. Mwezi unaitikisa bahari, kama unavyolitikisa karai la maji, na kila bahari inayumba ndani ya karai lake kwa ukubwa wake na kina chake. Inayumba kwa saa za mwezi, ndiyo maana dakika 50 hazikosi. Lakini maji yanafika ukutani kwa wakati wake, na kila pwani ina wakati wake. Wakati wetu sisi ni kama saa 4 baada ya mwezi kuvuka utosi. Kijana, msumari hausubiri kwa sababu ni mdogo na uko karibu. Mpe mtoto pembea: unamsukuma sasa, lakini anafika juu kabisa baadaye, na lini atafika kunategemea urefu wa kamba.

Nilipofika hapo nilisimama nikatembea chumbani. Maana "bahari inayumba ndani ya bakuli lake" ni maneno ya nani? Ya Galileo. Alikosea kuhusu anayetikisa. Kuhusu karai hakukosea, alikuwa mbele ya Newton. Sijaona kitabu cha skuli kinachomwambia mtoto hivyo.

Lord Kelvin, mwanafizikia wa Uingereza, ndiye aliyeigeuza hesabu hii kuwa chombo. Mwaka 1872 alitengeneza mashine ya magurudumu na kamba, kila gurudumu linawakilisha mzunguko mmoja wa mwezi au jua, na kamba moja inaijumlisha mizunguko yote. Jaduweli za maji za bandari zinatengenezwa kwa njia hiyo hiyo mpaka leo, isipokuwa kompyuta imechukua nafasi ya magurudumu. Na kila bandari lazima kwanza ipimwe yenyewe.

Nahodha_Mkoani #13

Kila pwani na saa yake, hilo nakubali kwa asilimia mia. Mkondo wa Pemba una kina cha mamia ya mita, wa Unguja mfupi tu, na maji yake hayana tabia moja. Nauliza: mtikisiko wote huo, kila siku mara mbili, hauchoshi kitu?

MaalimFizikia #14

Nahodha, suali hilo aliliuliza Immanuel Kant mwaka 1754, ana miaka 30, kabla hajawa Kant wa vitabu vikubwa vya falsafa. Aliishi Königsberg na hakusafiri mbali na mji wake maisha yake yote. Alisema maji yanayosugua chini ya bahari na kupiga fukwe lazima yaipunguzie dunia mwendo, kidogo kidogo, na kwa hivyo siku zinarefuka. Alikuwa sawa. Ukiigawa sekunde moja sehemu elfu, siku inarefuka kwa sehemu chache tu kati ya hizo kila miaka mia, hata zisifike tatu. Na mwendo unaopotea duniani unaupeleka mwezi mbali zaidi, sentimita 3.8 kwa mwaka. Hilo limepimwa kwa kupiga mwanga kwenye vioo vilivyoachwa mwezini tangu mwaka 1969.

KijanaWaMichenzani #15

Na Ibn Majid, yule baharia wa Kiarabu, hatumtaji? Si ndiye aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi?

MaalimFizikia #16

Ahmad ibn Majid wa Julfar anastahili uzi wake. Habari ya kumwongoza Vasco da Gama mwaka 1498 wanahistoria wengi sasa hawaikubali, na mimi naona haimuongezei chochote. Kitabu chake cha kanuni za bahari, cha karibu mwaka 1490, kinatosha: nyota, pepo, misimu, milango ya bandari. Na hapo kuna jambo la kwetu. Wazee wetu walikuwa na hesabu mbili. Ya mwezi, ya mfunguo mosi, mfunguo pili, inayokwambia maji. Na ya Nairuzi, ya mwaka wa jua, ile tunayoianza Makunduchi kwa Mwaka Kogwa, inayohesabiwa kwa miongo ya siku kumi kumi, inayokwambia kusi na kaskazi. Maana maji yanafuata mwezi, na pepo zinafuata jua. Ukichanganya hesabu, utakwama na chombo.

UmmuSalma #17

Na mtoto? Ulimpa jibu?

MaalimFizikia #18

Nilimpa, lakini nilitaka alione mwenyewe. Tuliomba ruhusa kwa wazee, tukenda Jambiani wanafunzi tisa, mama zao wawili na mimi, usiku wa mwezi kumi na sita. Tulisimika boriti ya mkoko mchangani maji yakiwa mbali, tumeipiga rangi nyekundu kila sentimita 10. Chini tukalaza kamba ya mwani, kusini kwa kaskazini, ili kivuli cha boriti kikilala juu ya kamba tujue mwezi uko juu kabisa. Saa kwenye simu, daftari juu ya ndoo.

Kivuli kililala kwenye kamba saa 7 na dakika 10 usiku. Pwani bado kavu. Mbele yetu tulihesabu tochi sita za wachokoaji wakirudi taratibu. Baada ya hapo maji yakaanza kuingia, hayana sauti, kwanza yanajaza nyayo, halafu yanaunganisha madimbwi. Kila robo saa mmoja anaingia na tochi kusoma alama, mpaka ilipobidi tusome kwa mbali. Alama ya mwisho kuoga ilikuwa ya 14, saa 11 na dakika 25 alfajiri, adhana imeshapita. Halafu ile ya 14 ikatoka tena majini.

Yule mtoto ndiye aliyekuwa anaandika. Akatoa hesabu kwenye daftari, saa 4 na dakika 15, akapiga mstari chini yake. Kisha akaniuliza kama upande wa magharibi, Mkokotoni, itakuwa hiyo hiyo.

Bamvua lijalo tunakwenda Mkokotoni. Boriti tayari ipo kwangu.